Picha Sahihi ya Bi Mwanahamisi

Mabinti wawili mlioachiwa studio mmeniomba niwaandikie niliyoyaona katika miaka yangu ya kazi pale Ngamiani. Nadhani mlitaka orodha ya mambo ya kufanya na ya kutofanya, mkaibandike ukutani. Orodha hiyo ipo tayari, imetolewa na watu wa pasipoti, na sijawahi kumwona mteja aliyeisoma. Mimi nitawaandikia yale yasiyobandikika. Muda ninao, na mgongo wangu haunipi ruhusa ya kulima.

Kwanza mjue kwamba sikuajiriwa kwa kuwa nilijua kupiga picha. Niliajiriwa kwa kuwa ni mwanamke. Mzee Athumani, mwenye studio, alikuwa mpigaji hodari, nusu ya maharusi wa Tanga wamepita mbele ya kamera yake. Lakini walianza kuja akina mama wanaotaka picha za pasipoti, wengi wao wamevaa nikabu, na wakimkuta yeye ndiye aliyeshika kamera, hukaa kwenye stuli, humuuliza habari za watoto, kisha huaga na kwenda zao. Pasipoti inataka uso wote uonekane, kidevu mpaka mwanzo wa paji. Wao, kwa namna wanavyoishika dini yao, hawaufungui uso mbele ya mwanamume asiye mume wala ndugu wa damu. Mzee wa watu akabaki anapiga picha watoto wa shule. Mkewe, Bi Zaina, ndiye aliyemwambia aache kulalamika atafute msichana.

Msichana aliyepatikana ni mimi, Ester, Mshambaa na Mlutheri, binti wa mkata mkonge. Ujuzi wangu wote wa kufunika kichwa ulikuwa ni kile kitambaa cheupe cha kwaya, ambacho hata hicho mama ndiye aliyekuwa akinifunga.

Siku yangu ya kwanza nilimfukuza mke wa shehe. Asubuhi Mzee Athumani alinifundisha mambo mengi kwa haraka, na mojawapo lilikuwa kwamba pasipoti haitaki kofia. Kwa hiyo alipoingia yule mama nilimwamkia vizuri, nikamkalisha, nikafunga pazia, nikamwambia kwa adabu zangu zote avue nikabu, avue ushungi, na ile kofia ndogo ya kubana nywele aivue pia. Akaniuliza mie mtoto wa nani. Nilipomtajia baba yangu akasema hamjui, na kwa mwenendo huu hatamjua, akashusha nikabu akatoka. Bi Zaina alitoka uani na bakuli la mchele mkononi, akataka kujua nimefanya nini. Nilipomweleza akacheka mpaka akaliweka bakuli chini. Akanielewesha kwamba kofia inayovuliwa ni ya mwanamume, lakini ushungi wa mwanamke unabaki pale pale, kinachofunguka ni uso peke yake. Kisha akanikalisha mimi kwenye stuli, akanifunga ushungi wake mwenyewe, akaufungua, akaufunga tena, mpaka alasiri ikaadhiniwa na nywele zangu zikasalimu amri.

Tangu siku hiyo mwalimu wangu wa kamera akawa mzee, na wa mengine yote akawa mkewe. Kamera ya kwanza ilikuwa ile yenye macho manne, inayotoa picha nne kwa mpigo, unaipepea karatasi kama unayepoza chai. Zikaja za kisasa na kompyuta na printa, lakini vifaa nilivyovitegemea havikuwahi kubadilika: pini za kichwa nyeusi, kioo, kitana, kitambaa cha bluu ukutani, na sinia la alumini. Sinia hilo lilikuwa la Bi Zaina la kuchagulia mchele. Ukimpa mteja alishike mapajani, linarudisha mwanga juu, na kile kivuli ambacho ushungi unakiweka chini ya kidevu kinaondoka. Nimekwisha kuona taa za bei mbaya zinazoshindwa kazi hiyo. Mama mmoja wa Mwera alinishikia sinia kwa mikono miwili akaniuliza wali uko wapi.

Bi Zaina alinipa pia taratibu mbili ambazo hazikuandikwa popote. Ya kwanza, komeo la mlango lifungwe kabla nikabu haijainuliwa, hata kama mteja mwenyewe ana haraka. Ya pili, picha zinazobaki zichanwe. Picha zilikuwa zinatoka nne. Mteja anachukua anazohitaji, na zilizosalia unazichana mbele ya macho yake, na kwenye kompyuta unafuta huku anaona. Wengi hawakutaka kubeba za ziada, maana picha ikiwa kwenye droo ya nyumbani, shemeji anayetafuta kibiriti ataikuta. Utaratibu huo wa kuchana ndio uliotuletea wanawake kutoka Pangani mpaka Mkinga. Walikuwa wanaambiana kwenye maulidi.

Tulikosea pia, tena kwa kishindo. Kitambaa chetu cha nyuma kilikuwa cha bluu, na shungi za bluu ndizo zilizokuwa fasheni, kwa hiyo kila siku nilikuwa natoa picha za uso unaoelea hewani bila kichwa. Nikanunua ushungi mmoja mweusi wa studio, nikauwekea na bruchi ya kipepeo upendeze, nikawa namwazima kila anayekuja na bluu. Ikawa sawa na lile koti la studio ambalo wanaume wote wa Ngamiani wamelivaa pichani. Mwaka mmoja likaja kundi zima la wanawake wanaokwenda Hija, na baada ya siku chache afisa aliyepokea fomu zao akapiga simu. Aliuliza kwa upole kama hawa wote ni mtu mmoja. Alisema amemtambua kipepeo kabla hajazitambua sura. Nikanunua shungi nyingine tatu, na kipepeo nikampa mwanangu achezee.

Wenye kofia nao walinitoa jasho. Palikuwa na mzee aliyeshikilia kwamba kofia yake ya viua ni dini na hawezi kuivua, nami nikamwambia akaongee na Mzee Athumani, ambaye ni Mwislamu kuliko mimi. Wakajadiliana nusu saa nzima, hadithi kwa hadithi, mpaka mwishowe mzee akanong'ona kwamba ameoa juzi na mke hajajua kama ana kipara. Upande wa kwetu alikuja mwinjilisti mmoja mama na kofia ya Pasaka yenye maua ya plastiki na wavu mbele. Alidai kama shungi zinaruhusiwa kwa ajili ya imani basi na hiyo ya kwake ni ya imani. Nilimuuliza ni andiko gani linalotaja wavu. Jumapili iliyofuata alihubiri juu ya wasichana wanaofanya kazi Ngamiani, na macho yake yalikuwa kwangu muda wote.

Sasa nifike kwa Bi Mwanahamisi, maana yeye ndiye sababu ya mimi kukubali kuandika.

Alikuwa mjane wa Kigombe, muuza samaki wakavu. Tangu aolewe alikuwa hatoki bila nikabu, na sokoni kwetu hakuna aliyeujua uso wake, lakini sauti yake waliijua wote. Akiwa anabishana bei mwanzo wa barabara, sisi wa mwisho wa barabara tulikuwa tunajua samaki gani ameshindikana. Aliniletea shida yake siku ya Jumanne. Anakwenda Hija, fomu za kundi lao zinapelekwa Alhamisi, na picha yake imerudishwa mara mbili. Alikopigwa mara ya kwanza na ya pili aliyeshika kamera alikuwa mwanamume, na yeye alikuwa ameinua nikabu kidogo tu na kuuteremsha ushungi mpaka kwenye nyusi, akitumaini kwamba serikali itaelewa. Nilifunga komeo. Akalijaribu mwenyewe kuona kama limeshika. Kisha akakaa, akafungua.

Mabinti, nimepiga nyuso nyingi kuliko ninavyoweza kukumbuka, na nyingi mtu akikaa kwenye stuli ya pasipoti zinakuwa kama zinasubiri hukumu. Uso wa yule mama ulitulia. Ngozi haikuwa imechomwa na jua hata kidogo, macho yalikuwa na utulivu ambao sauti yake haikunitayarisha nao, na sinia likarusha mwanga pale pale nilipoutaka. Nilibonyeza mara moja tu. Ilipotoka kwenye printa nilijua kwamba hiyo ndiyo picha nzuri kuliko zote nilizowahi kupiga.

Alichukua mbili. Nilifuta kwenye kompyuta akiwa amesimama nyuma yangu. Nikashika mbili zilizobaki, tayari kuchana, na hapo nje wakaanza kumwita, gari la Kigombe linaondoka. Akashusha nikabu, akabeba kapu lake, akaniambia, "Nakuamini, mwanangu. Zichane."

Sikuzichana. Nilizishika, nikazitazama, nikasema nitazichana jioni. Jioni nikasema kesho. Nikaziweka kwenye droo chini ya sinia, na kila nikichukua sinia nilikuwa nazitazama tena. Yeye akaenda Maka, miezi ikapita, na mimi nilikuwa bado nasema kesho. Sina la kujitetea. Nilikuwa najivunia kazi yangu, basi.

Likizo yangu ilipofika nikaenda Lushoto kwa mama. Huku nyuma Mzee Athumani alikuwa peke yake, Bi Zaina naye akiwa safarini, na alichoka kubishana na watu juu ya masikio na paji la uso, akaamua kuweka mfano dirishani ili kila mtu ajionee. Akafungua droo, akaikuta picha ya mama mwenye ushungi, ambayo haina kosa hata moja. Hakuwahi kumwona Bi Mwanahamisi uso, kwa hiyo hakumjua. Alifikiri kidogo, alinieleza baadaye, akaona kwamba katika studio yetu picha ya mteja huchanwa, hii haikuchanwa, kwa hiyo si ya mteja, lazima ni shangazi yangu wa Tanga niliyemwazima ushungi kwa majaribio. Hata leo nikiifikiria hesabu hiyo siioni kosa lake. Akaiweka kwenye skana, akaikuza ikawa kubwa kama sahani ya pilau, akaitundika kwenye kabati la kioo linaloangalia barabara na kuandika chini yake PICHA SAHIHI. Pembeni akaweka yake mwenyewe, amevaa kofia na miwani ya jua, akaandika PICHA ISIYOFAA.

Nilirudi asubuhi moja nikakuta watu wamesimama dirishani. Nilipoona wanachokitazama nikalikimbilia kabati. Kabati lilikuwa limefungwa, ufunguo alikuwa nao mzee, na mzee alikuwa amekwenda mazishini Pongwe. Jirani yetu fundi Kombo, mshonaji wa kanzu, aliyefiwa na mke miaka mingi, alikuwa amesogeza kiti chake cha kazi kutoka barazani kwake mpaka karibu na dirisha letu. Aliniambia picha ina siku tisa pale, na siku tisa zote yeye amekuwa akisali alfajiri na kuja kukaa.

Hata sijamjibu, nikasikia sauti ya Bi Mwanahamisi inatoka kwenye kona, inawasalimu watu wote kwa majina. Alikuwa amerudi kutoka Hija. Mkono mmoja una mfuko wa tende, mwingine una kidumu cha zamzam, vyote vyangu. Tena alikuwa na haja. Binti yake aliyeolewa Muskati alikuwa karibu kujifungua mtoto wa kwanza, alimtaka mama yake awepo, na viza ya huko ilidai picha mpya. Hayo yote aliyasema njiani akija, kwa sauti ya kutosha mtaa mzima. Kisha akafika dirishani, akanyamaza.

Sijawahi kumsikia amenyamaza kabla ya siku ile.

Fundi Kombo ndiye aliyevunja kimya. Akamkaribisha kwa heshima, akamwita Hajati, akamwonyesha picha kama mwenye mali. Kisha akanigeukia mimi.

"Dada Ester, hebu nambie, huyu mama wa picha sahihi ni wa wapi? Kama hana mume, mie nipo. Uso wa mtu mpole huu, asiye na maneno."

Bi Mwanahamisi akamuuliza, "Upole umeuona wapi?"

"Machoni, Hajati."

"Basi nenda kapime yako, Kombo," akasema, akaingia ndani.

Nilimfuata, nikafunga komeo. Hakukaa. Aliweka tende mezani na kidumu kando yake, akasimama. Nikamweleza yote bila kuficha, droo, sinia, likizo, shangazi. Nilimwambia kwamba mzee hakujua na kosa ni langu peke yangu, nilishindwa kuichana kwa kuwa ilikuwa nzuri. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Siku ngapi nipo pale?"

"Tisa, Bi."

"Siku tisa wanaume wa Ngamiani wamenitazama, na hapana hata mmoja aliyenijua. Hiyo stara kanipa Mungu. Yako weye iko wapi?"

Niliona aibu mpaka masikioni. Nimewahi kukemewa na wachungaji, na mume, na maafisa, na hakuna aliyenifikia pale aliponifikia yeye. Na nilijua vizuri anachopoteza. Angeweza kunitukana na kuondoka, lakini katika studio zote alizozijua mjini aliyeshika kamera ni mwanamume, na mtoto Muskati alikuwa hasubiri. Ama aufungue uso wake tena mbele ya mtu aliyemwekea uso huo dirishani, ama binti yake ajifungue bila mama.

Nilitoka nikatundika koti la studio mbele ya kabati, upande wa barabarani. Fundi Kombo alilalamika kwamba namzibia. Nilimwambia picha imeonekana na kasoro. Akasema kasoro haioni, na amekuwa akiitafuta siku tisa.

Mzee Athumani alirudi baada ya adhuhuri, amechoka na vumbi la makaburini. Nilipomwambia yule shangazi ni nani, alikaa kwenye kizingiti. Kisha akasimama, akalifungua kabati, akanikabidhi picha kubwa akiwa ameipa mgongo, akaingia ndani kumwomba msamaha Bi Mwanahamisi. Aliomba kwa maneno marefu na mazuri, akiwa ameelekea ukutani, kwa hofu ya kumtazama mtu aliyekwisha kumtazama siku tisa bila ruhusa. Bi Mwanahamisi alikuwa na nikabu yake usoni wakati wote huo. Ukuta ulikuwa na kalenda ya kiwanda cha saruji, na mzee aliiomba radhi kalenda hiyo kwa jina la Mtume na kwa jina la watoto wake. Alipomaliza Bi Mwanahamisi akamwambia amemsamehe, kwa kuwa yeye hakumwahidi kitu. Mzee akatoka kwa kurudi kinyumenyume, akajigonga na taa.

Tukabaki wawili. Nilizitoa zile ndogo mbili kwenye droo, nikaziweka mezani pamoja na kubwa. Nilitaka aupe moyo wake nafasi, achane yeye. Akatikisa kichwa. Akasema mie ndiye niliyeambiwa, kwa hiyo mie ndiye nichane. Nikachana ile ya kwanza, nikachana ya pili. Kwenye ile kubwa mikono ilisita, na aliona kwamba imesita. Nikaichana nayo. Nilikuwa nalia, na sitawadanganya, sehemu ya machozi ilikuwa ya aibu na sehemu ilikuwa ya picha. Aliokota vipande vyote, na kile kilichoangukia chini ya meza akaniinamisha nikampa, akavifunga kwenye pindo la mtandio wake.

Kisha akalijaribu komeo. Akakaa kwenye stuli, akalivuta sinia mwenyewe akaliweka mapajani, akainua nikabu.

"Piga," akaniambia. "Mtoto hangoji."

Nilipiga, lakini uso wake haukutulia kama siku ile. Midomo ilibana, nyusi zilishuka, alikuwa anaitazama kamera kama mtu anayemtazama paka aliyekwisha kumwibia samaki mara moja. Kila sharti la viza lilitimia. Paji lipo, kidevu kipo, kivuli hakipo. Printa ikatoa nne, nami nikabaki nazo mkononi.

"Imetokaje?" akauliza.

Nilikuwa nimekwisha kumdanganya vya kutosha. "Inafaa, Bi. Lakini imetoka mbaya."

Aliichukua, akaisogeza kwenye mwanga, akajitazama sana.

"Alhamdulillahi," akasema, akashusha nikabu. "Hiyo utaweza kuichana."